JASHO LA BARIDI LINA HABARI YAKE

Hapa Dar es Salaam jasho si habari. Kuanzia Novemba hadi Machi mtu hutokwa na jasho akiwa ameketi kivulini, sembuse yule anayesubiri daladala ya Tegeta saa nane za mchana, au anayepakua samaki katika pwani ya Kunduchi. Kwa hiyo tumezoea kwamba mtu akilowa jasho dawa yake ni upepo: afunguliwe vifungo vya shati, apepewe kwa kanga, apewe maji ya kunywa. Mazoea hayo ni mema na aghalabu hayana madhara. Lakini liko jasho jingine lisilotokana na jua wala kazi. Hilo hutoka juu ya ngozi iliyopoa. Ukimgusa mwenye jasho hilo utaona mkono wake umelowa na ni wa baridi, mithili ya samaki aliyetolewa kwenye barafu. Ndugu msomaji, jasho hilo ndilo ninalotaka tulizungumze leo, kwa sababu katika mtaa wetu wa Kunduchi limetuachia mjane na watoto wanne.

Marehemu alikuwa mvuvi wa miaka mingi, na mtaa mzima tulimwita Nahodha. Umri wake ulikuwa miaka hamsini na ushei. Mtu mwembamba, mchangamfu, asiyejua kulalamika. Aliwahi kuambiwa kwamba ana shinikizo la damu. Dawa alizimeza miezi kadhaa, kisha akaziacha alipoona hana maumivu yoyote. Asubuhi moja alirudi kutoka baharini akasema kifua ni kizito kana kwamba amelaliwa na gunia, na bega la kushoto linamuuma. Akasema ni gesi. Akachemshiwa tangawizi, akalala. Haikupita saa moja jasho likaanza.

Mimi siku ile nilikuwa kazini. Niliyoyajua niliyapata kwa mkewe, siku nyingi baada ya matanga, naye ameniruhusu niyaandike ili yawafae wengine. Aliniambia hivi: "Nilimpepea, shemeji, nikampepea. Kila nikimfuta naona mwili umepoa. Nikasema alhamdulillahi, joto limempungua."

Baadaye Nahodha alianza kutapatapa kitandani. Akawa anajibu yasiyoulizwa, mara akamwita kaka yake aliyekufa zamani. Kijana mmoja wa jirani alileta mashine ya kupimia shinikizo, namba zikatokea ndogo mno. Waliokuwapo wakasema, "Presha imeshuka," wakamnywesha maji yenye chumvi, kisha soda. Pumzi ikazidi kumbana. Alipopakiwa katika bajaji ilikuwa karibu adhuhuri, yapata saa tano tangu maumivu yaanze. Hospitali alifika akiwa hai, na madaktari wakawaeleza ndugu kwamba mshipa unaoulisha moyo umeziba na moyo umeishiwa nguvu. Kabla ya magharibi akafariki dunia.

Msibani kila mtu alikuwa na lake. Yuko aliyesema presha ilipanda, yuko aliyesema malaria ilipanda kichwani, na hawakukosekana walionong'ona habari za kijicho. Wazee walisema siku zake zimetimia, na neno hilo halina mshindani. Hata hivyo kazi yangu ni kuuliza, nami niliuliza na kusoma, kwani nilitaka kujua mwili wa yule bwana ulikuwa ukisema nini katika zile saa tano ambazo sote tulio karibu naye tungeweza kuusikiliza, lau tungaliijua lugha yake.

PAMPU NA MABOMBA

Moyo wa mtu mzima, akiwa ametulia, husukuma damu ipatayo lita 5 kwa kila dakika, na hupiga mara zipatazo 100,000 kwa siku. Unapodhoofika ghafla hata ukashindwa kupeleka damu ya kutosha katika viungo, madaktari huiita hali hiyo shoki ya moyo. Neno hilo lisitupotoshe. Hapa hatusemi ule mshtuko wa mtu aliyeletewa habari mbaya, wala kunaswa na umeme. Hatusemi pia shambulio la moyo lenyewe, ingawa mara nyingi hilo ndilo linaloileta. Shoki ya moyo ni pampu kushindwa kazi, na mwili mzima kukosa kile unachokitegemea.

Sisi wa upande huu wa mji tunaweza kulielewa jambo hili kwa urahisi kwa mfano wa maji. Maji ya bomba kuu hutujia kutoka mitambo ya Ruvu Chini, kando ya barabara ya Bagamoyo. Nguvu ya kusukuma ikipungua, wa kwanza kukosa maji ni walio mbali na walio mlimani. Walio bondeni huendelea kupata kwa muda. Mwili nao hufanya vivyo hivyo, ila wenyewe hufanya kwa makusudi. Unapoona damu haitoshi, hufunga mabomba ya pembeni ili ubongo na moyo wenyewe visikose. Hubana mishipa ya mikono, ya miguu na ya ngozi, kisha hupunguza sehemu ya figo. Ndiyo maana vidole hupoa, ngozi hupauka na mkojo huwa haba. Zile tezi za jasho nazo huamshwa na kengele hiyo hiyo ya hatari, hata mtu akatokwa na jasho na huku mwili umepoa. Kwa hiyo jasho la baridi ni dalili ya mwili unaojitetea.

Wakati huo damu isiyosukumwa mbele hurudi nyuma na kujaa katika mapafu. Mgonjwa huhema, hushindwa kulala chali, hutaka kukaa, na mara nyingine hukohoa povu lenye rangi ya waridi. Mwisho wa yote, ubongo nao ukipungukiwa, huja ule utapiaji wa maneno: mtu mwerevu anachanganyikiwa, anakuwa mkali bila sababu, au anasinzia mchana na hashtuki akiitwa.

YANAYOUANGUSHA MOYO

Chanzo kikubwa cha hali hii duniani ni shambulio la moyo, yaani kuziba kwa ghafla kwa mshipa unaoulisha msuli wa moyo. Msuli usiopata damu huanza kufa, na wataalamu walikwisha kuona tangu miaka ya 1970 kwamba sehemu ipatayo 40 katika 100 ya chumba kikuu cha kushoto ikiharibika, moyo huwa hauwezi tena kuubeba mwili. Katika kila watu 100 wapatao shambulio la moyo, kati ya 5 na 10 huingia katika shoki.

Tulikuwa tukidhani haya ni maradhi ya matajiri na ya nchi za baridi. Watafiti walipowapima watu wazima 681 waliofika kwa maumivu ya kifua au kukosa pumzi katika idara ya dharura ya hospitali ya rufaa mjini Moshi, mwaka 2019, walikuta kwamba zaidi ya mmoja katika kila watano alikuwa na shambulio la moyo, na zaidi ya theluthi moja ya hao walifariki ndani ya siku 30. Maradhi hayo, basi, yamo humu humu nchini, ila sisi tumeyapa majina mengine: kichomi, gesi, vidonda vya tumbo, uchovu.

Lakini shambulio si chanzo pekee, na kwetu yako mengine yanayotuhusu sana. La kwanza ni shinikizo la juu la damu lililoachwa bila dawa. Uchunguzi uliofanywa Muhimbili na kuchapishwa mwaka 2014, uliowahusu wagonjwa 427 ambao mioyo yao imeshindwa kazi, ulionyesha kwamba kwa wagonjwa 45 katika kila 100 chanzo kilikuwa shinikizo hilo, na wengi walikuwa watu wa makamo, wenye familia za kulisha. Moyo unaosukuma miaka mingi dhidi ya mabomba yaliyobana huvimba kuta zake kwanza, kisha huchoka. Siku ukipatwa na jambo dogo tu, kama homa ya mapafu, huanguka.

La pili ni kuharibika kwa vali, ile milango ya moyo. Watoto wengi huumwa koo, wakapona, wakasahau. Kumbe kwa baadhi yao ugonjwa wa koo usiotibiwa huamsha homa ya baridi yabisi, ambayo huzila vali taratibu, mpaka ujana unapofika mlango haufungi au haufunguki sawasawa.

La tatu huwapata akina mama. Uko ugonjwa wa msuli wa moyo unaojitokeza mwezi wa mwisho wa ujauzito au katika miezi 5 baada ya kujifungua. Mama huvimba miguu, hukosa pumzi na huchoka kupita kiasi. Kwa kuwa ujauzito na kulea vina uchovu wao, watu humwambia avumilie. Asivumilie.

La nne ni mwendo wa mapigo. Moyo una mfumo wake wa umeme unaoyapangilia mapigo, na mfumo huo ukivurugika, moyo hupiga mbio mno au polepole mno hata usipeleke kitu. Mfumo huo ndio tuliousikia ukitajwa mwezi Machi 2021, Serikali ilipotangaza maradhi yaliyomchukua Rais John Magufuli. Mwisho tutaje maji yanayojaa katika mfuko unaouzunguka moyo na kuubana, ambayo kwetu mara nyingi huletwa na kifua kikuu, pamoja na uambukizo wa msuli wa moyo wenyewe.

MKONO WA ALIYE KARIBU

Msomaji ataniuliza, mimi si daktari, nitayajuaje yote hayo? Hatakiwi kuyajua yote. Anatakiwa kutumia mkono wake, macho yake na masikio yake, kwa kuwa dalili kubwa za shoki ya moyo hazihitaji mashine.

Mguse mgonjwa kiganja na nyayo. Je, ni baridi na vimelowa, ilhali chumba kina joto? Mbonyeze ukucha wa kidole mpaka uwe mweupe, kisha uachie. Kwa mtu mzima wa afya wekundu hurudi mara moja, kwa kadiri ya sekunde 2. Ukikawia, damu haifiki. Shika mshipa wa kiwiko cha mkono: je, mapigo ni ya mbio na hafifu, kama uzi? Tazama shingo, uone kama mishipa imetutumka hata akiwa amekaa. Sikiliza pumzi. Mwulize jina lake, siku ya leo, na yuko wapi. Uliza amekwenda haja ndogo saa ngapi, kwani figo zilizonyimwa damu hutoa mkojo usiozidi vijiko 2 vya chakula kwa saa, au hazitoi kabisa.

Wenye mashine ya kupimia wajue kwamba namba ya juu ikiwa chini ya 90, na ikabaki hapo kwa nusu saa, hiyo ni hatari kubwa. Lakini wasidanganyike na namba nzuri. Kwa kuwa mwili umebana mabomba yake, shinikizo laweza kuonekana la kawaida kwa muda na huku viungo vinakosa damu. Mkono baridi hutangulia mashine.

Kadhalika, tusingoje maumivu makali ya kifua ndipo tuamini. Wako wanaohisi uzito tu, au maumivu ya taya, mgongo, bega au chembe cha moyo. Wazee, wenye kisukari na baadhi ya wanawake waweza wasisikie maumivu yoyote. Wao hutapika, huishiwa nguvu, hutokwa na jasho, basi.

TUSIITIBU JIKONI

Sasa nije kwenye jambo linaloniuma zaidi, nalo ni lile tunaloliita presha ya kushuka. Kwetu hiyo imekuwa kama ugonjwa wenye jina lake na dawa yake: maji ya chumvi, soda, na mgonjwa akifika zahanati ndugu humwomba mganga amtundikie chupa ya maji. Asili ya dawa hiyo si ujinga. Mtu aliyeharisha sana, kama wa kipindupindu, au aliyepoteza damu, mabomba yake yamekuwa matupu, na maji ndiyo yatakayomwokoa. Tumeona wengi wakiinuka kwa njia hiyo, ndiyo maana tunaiamini.

Lakini kwa mgonjwa wa moyo mabomba hayako matupu. Pampu ndiyo iliyokufa ganzi. Kumwongezea maji na chumvi bila kipimo ni kuyajaza mapafu ambayo tayari yameanza kufurika. Daktari anaweza kuamua kumpa maji kidogo, kwa kumtazama kila dakika, na liko aina la shambulio la moyo linalohitaji hivyo. Uamuzi huo ni wa daktari. Si wa mwenye nyumba wala mwenye duka. Kwa hiyo kabla hatujasema presha imeshuka, tujiulize: imeshuka kwa nini? Ameharisha? Ametapika siku nzima? Ametoka damu? Kama hapana, na kifua au pumzi vinamsumbua, basi jiko halina dawa yake.

La kufanya nyumbani ni dogo. Mkalishe akiwa ameegemea mto au ukuta, kama pumzi inambana; usimlaze chali kwa nguvu. Mlegezee nguo. Usimpe chakula, soda wala pombe. Usimtembeze kwa miguu hata hatua chache hadi barabarani, maana kila hatua ni mzigo kwa moyo huo, mbebe. Chukua dawa zake zote na kadi zake za kliniki. Akizimia na kuacha kupumua, mlaze juu ya kitu kigumu umkandamize katikati ya kifua kwa nguvu na kwa haraka, mara 100 hadi 120 kwa dakika, bila kuchoka, mpaka msaada upatikane.

SAA NI MALI

Kwa nini haraka yote hiyo? Kwa sababu msuli wa moyo hufa kadiri saa zinavyopita, na hakuna dawa ya kuufufua. Mwaka 1999 yalitangazwa matokeo ya uchunguzi mkubwa uliowahusu wagonjwa 302 wa shoki iliyotokana na shambulio la moyo. Nusu walifunguliwa mshipa mapema, nusu walitibiwa kwanza kwa dawa. Baada ya miezi 6, katika kila wagonjwa 100 waliofunguliwa mshipa mapema walikuwa wamenusurika 13 zaidi kuliko wale wengine. Hata hivyo takriban nusu ya wote walikuwa wamekufa. Hivyo ndivyo hali hii ilivyo kali, hata mahali penye vifaa vyote. Na hivyo ndivyo saa za mwanzo zilivyo na thamani.

Nchi yetu haiko pale ilipokuwa. Upasuaji wa kufungua moyo ulianza Muhimbili mwaka 2008, na tangu mwaka 2015 tunayo Taasisi ya Moyo Jakaya Kikwete, ambapo mirija myembamba huingizwa katika mshipa wa mkono au wa paja ili kuufungua ule ulioziba. Kwa hiyo mtu wa Kunduchi hana tena sababu ya kusema tiba iko India tu. Iko mwendo wa kilomita zipatazo 20. Lakini kilomita hizo, asubuhi ya siku ya kazi katika barabara ya Bagamoyo, zaweza kula saa nzima na zaidi. Ukizijumlisha na saa za tangawizi, saa za kupepea na saa za kubishana nani ana nauli, mshipa unafika hospitali lakini moyo haupo tena.

Ndiyo maana inafaa uamuzi ufanywe mapema, na kituo cha karibu chenye daktari na kipimo cha umeme wa moyo kijulikane kabla ya siku ya msiba. Mgonjwa akipelekwa hapo hupata oksijeni na dawa za kwanza, na akahamishwa akiwa na mtu wa kumwangalia njiani.

Wenye umri mkubwa wanaikumbuka kampeni ya Mtu ni Afya ya mwaka 1973. Watu wazima walikusanyika vikundi vikundi, vijijini na mijini, wakasikiliza redio pamoja, wakasoma kijitabu, wakajadiliana, kisha wakatoka kwenda kuchimba vyoo na kufukia madimbwi. Waliambiwa habari za malaria, kichocho, safura, kuhara na kifua kikuu. Moyo haukuwamo katika orodha ile, kwa kuwa maadui wa wakati ule walikuwa wengine. Leo umo. Namna ya kupigana nao, hata hivyo, ni ile ile: watu kujua pamoja na kutenda pamoja.

Nasi tunaweza kuanza palepale tulipo. Balozi wa shina na wajumbe wa mtaa wanajua nani ana mgonjwa na nani ana gari. Kila nyumba chache zikubaliane ni dereva gani wa teksi au bajaji ataamshwa usiku wa manane, simu yake iandikwe ukutani, na nauli ichangwe baadaye, mgonjwa akiwa amekwisha kuondoka. Kila mwenye miaka 40 na kuendelea apimwe shinikizo, na aliyeanzishiwa dawa asiache kwa sababu tu hasikii maumivu. Shinikizo haliumi, linachimba. Na mtoto akiumwa koo apelekwe akatibiwe, ingawa kesho yake atakuwa anacheza.

Hayo ni ya siku zote. Kwa ile siku moja ya hatari neno ni fupi, na hata mtoto wa darasa la nne anaweza kulibeba: akitokwa na jasho, mguse. Mwili ukiwa wa moto, mpepee. Ukiwa wa baridi, weka kipepeo chini, uite gari.